Pevu, Bado Haijaiva: Kuijua Pai Nzuri ya Nyanya za Kijani

Ikate nyanya ya kijani kwa upana wake, kwa kisu kikali, kisha zitazame mbegu. Zikiwa zimekatika pamoja na nyama, nusu huku na nusu kule, iweke kando. Zikiwa zimeteleza zikayakwepa makali ya kisu kwa kuwa tayari zinaogelea kwenye ute, basi hiyo ndiyo ya kutia kwenye pai. Pai ya nyanya za kijani huharibikia kwenye kibao cha kukatia, oveni hata haijawashwa, na nimekula nyingi zilizoharibika hivyo.

Somo hilo nililipata Lancaster, jimbo la Pennsylvania, Marekani, kwa bibi mmoja wa Kimenonaiti aliyekuwa jirani yangu. Wamenonaiti wa pande zile ndio waliokwenda Tanganyika na kuanzisha misheni ya Shirati, Mara, mwaka 1934, na baadhi ya waliofuata baadaye walirudi kwao na Kiswahili. Bibi yule alikuwa mmoja wao. Msimu wangu wa kwanza nilimpelekea ndoo ya nyanya za kijani nilizochuma bustanini.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu." Akatia mkono ndooni, akatoa moja, akaibonyeza kwa kidole gumba, akatoa nyingine. "Hizi changa. Pevu ziko wapi?"

Mimi mtoto wa Unguja, ambako nyanya tunaiita tungule, sikuwa nimewahi kuyatenga maneno hayo mawili kwenye tungule. Kwenye nazi ningeyatenga nikiwa usingizini: kidaka, kitale, dafu, koroma, nazi. Hakuna anayekuna dafu akitarajia tui. Lakini nyanya isiyo nyekundu kwangu ilikuwa mbichi tu, basi. Na neno mbichi ndilo linalotupoteza, maana linabeba ile ambayo haijakua, ile iliyokua ikabakiza kuiva, na hata ile ambayo haijapikwa. Kiingereza nacho huziita zote "kijani", ndiyo maana vitabu vingi vya mapishi vya Kimarekani humwacha msomaji bila msaada hapo hapo anapouhitaji. Sisi tuna kupevuka na tuna kuiva. Pai hii inaishi katika siku chache zilizo kati ya mambo hayo mawili.

Nyanya changa ina ngozi iliyofifia na kijani kilichokolea mwili mzima. Ukiionja inakauka mdomoni, ina ukakasi kama ndizi iliyokatwa kabla ya wakati, na nyuma ya ukakasi kuna uchungu. Uchungu huo una sababu. Mmea wa nyanya hujilinda kwa kemikali iitwayo tomatini, ambayo ni nyingi kwenye majani na kwenye tunda changa, na hupungua kadiri tunda linavyosogea kwenye kuiva. Watu wamezila nyanya za kijani miaka na miaka, za kukaanga na za achari, bila kudhurika, kwa hiyo silitaji hili ili kumtisha mtu. Nalitaja kwa sababu uchungu ule hauondoki kwa sukari. Ukiongeza sukari unapata pai tamu yenye uchungu.

Nyanya pevu huanza kung'aa, kana kwamba imepakwa mafuta kidogo. Kitakoni, upande ulio mbali na kikonyo, kijani kinaanza kupauka na kuelekea weupe. Mkononi ni nzito. Ikiwa imeshaanza wekundu hafifu, tia moja au mbili tu kati ya kumi. Zitaongeza harufu, lakini zikizidi mjazo unalegea, kwa kuwa kuiva ndiko kunakovunja pektini, ile gundi inayoshikanisha nyama ya tunda. Aina zenye nyama nyingi na ute kidogo, kama Roma, zina hakika zaidi kuliko zile kubwa zenye vyumba vingi vya ute.

Na jihadhari na nyanya zinazobaki kijani hata zikiiva. Iko Green Zebra, yenye michirizi, iliyotolewa na mzalishaji wa mbegu Tom Wagner mwaka 1983, na iko Aunt Ruby's German Green. Ni tamu sana kwenye kachumbari. Muuzaji mmoja sokoni aliwahi kunipimia kilo mbili za namna hiyo nilipomwomba nyanya za kijani za pai, nami kwa haraka sikuzibonyeza. Nilichotoa kwenye oveni kilinywewa kwa kijiko. Tomatilo nayo, yenye kifuniko kama karatasi, ni mmea mwingine kabisa.

Sababu ya pai hii kuwepo ni jalidi. Mmea wa nyanya hauivumilii. Usiku mmoja wa nyuzi sifuri unatosha kuyafanya majani yawe meusi na kulegea kama mchicha uliochemshwa. Lancaster, usiku huo huja mara nyingi katikati ya Oktoba. Jioni inayoutangulia utawaona watu wamo bustanini na ndoo na tochi, wazee wa Kimenonaiti na siku hizi pia akina mama wa Kikongomani wanaoitana kwa Kiswahili kutoka tuta hadi tuta, kila mmoja akichuma kila kilichobaki. Zilizopevuka huviringishwa kwenye magazeti ziive taratibu ndani. Nyingine huwa achari, nyingine hukaangwa kwa unga wa mahindi. Zilizo bora, kwa maoni yangu, zinastahili pai. Mwaka 1893 Mahakama Kuu ya Marekani, katika kesi ya Nix dhidi ya Hedden, iliamua kwamba kwa ajili ya ushuru nyanya ni mboga, na hoja mojawapo ilikuwa kwamba watu huila pamoja na chakula chenyewe, si kama tunda la kumalizia mlo. Kila Oktoba meza za Lancaster huonyesha upande wa pili wa hoja hiyo.

Sasa tuseme pai imeshapikwa na imewekwa mbele yako. Kwanza uliza imekaa muda gani tangu itoke ovenini. Pai ya moto haihukumiki. Mjazo unahitaji saa tatu au nne za kupoa ndipo ushikane, na anayekukatia kabla ya hapo anajidhulumu mwenyewe.

Ukikatiwa, tazama ukingo wa kipande. Vipande vya nyanya viwe vimelaliana kama kurasa za msahafu, vinaonekana kimoja kimoja, lakini uma ukipita visikaidi. Hapa mkono wa mkataji ndio unaohukumiwa. Milimita tatu ni kipimo kizuri. Nyama ya nyanya ya kijani hulainika polepole, tena uchachu wake wenyewe huichelewesha, kwa hiyo vipande vinene hubaki na moyo mgumu huku ganda likianza kuungua. Ngozi ndiyo kasoro ninayoikuta zaidi. Hailainiki. Hujikunja ikawa uzi na kukwama kwenye meno. Nyanya kubwa imenywe. Ndogo, zenye ngozi laini, zinaweza kusamehewa.

Rangi iwe ya zeituni, au dhahabu yenye kivuli cha kijani. Joto na uchachu huibadilisha rangi ya kijani ya mmea, ndivyo inavyokuwa kwa mboga yoyote ya majani ukiipikia ndimu. Pai yenye mjazo wa kijani kibichi kinachowaka imetiwa rangi, au haikupikwa.

Kisha maji. Nyanya ni maji zaidi ya asilimia tisini, na hapa ndipo wapishi hugawanyika. Mpishi hodari huvichanganya vipande na sukari na chumvi kidogo, akaviacha kwenye chungio kama saa moja, chini pamewekwa bakuli. Maji yanayotoka hayamwagi. Huyachemsha peke yake mpaka yawe shira, na mtu wa pwani hahitaji kuelezwa zaidi: iwe ile ya kaimati, inayovutika kati ya vidole viwili. Shira hiyo hurudishwa kwenye nyanya. Mpishi wa pili huyamwaga yale maji na kumwaga pamoja nayo nusu ya ladha. Wa tatu huyaacha yote na kuyazamisha kwenye wanga wa mahindi, na ukila unakula uji. Nakushauri ukitazame kipande sahanini kwa dakika moja kabla ya kukigusa. Shira ijivute kutoka ukingoni taratibu, isimame. Ikikimbia, chungio lilirukwa. Isiposogea kabisa, wanga umezidi. Mimi hutumia wanga wa muhogo, kidogo, kwa sababu hauachi ukungu kwenye shira.

Ganda sitalizungumza sana, kwa kuwa kanuni zake ni zile zile za pai yoyote: siagi ya baridi, maji ya baridi, mkono usioganda kwenye unga. Nyanyua tu kipande uangalie chini yake. Pawe na madoa ya kahawia kama ya chapati iliyokaa chumani sawasawa. Palipo peupe na pameloa, oveni haikuanza na moto wa kutosha. Nyuzi 220 za Selsiasi kwa dakika ishirini, kisha 190 mpaka mjazo utokote katikati, si pembeni peke yake, ndio moto unaonipa matokeo kila mara. Na Waislamu wenzangu, ulizeni kabla ya kula. Wakulima wengi wa kule hukandia ganda kwa mafuta ya nguruwe. Bibi yangu alikuwa akinitengenezea la siagi, na hakuwahi kusahau.

Viungo: mdalasini, kungumanga, karafuu. Nimekua na harufu ya karafuu zilizoanikwa barazani, naipenda kuliko kiungo chochote, na bado nasema mbili za kusaga zinatosha pai nzima. Tatu, ulimi unakufa ganzi na huonji tena kitu kingine.

Linalobaki ni ladha, na hapa siafikiani na watu wengi wanaoipenda pai hii. Sifa wanayoipa kwanza ni kwamba huwezi kuitofautisha na ya tufaha. Ni kweli inakaribia. Nyanya ya kijani ina asidi ya maliki, ambayo ndiyo uchachu wa tufaha, na ukiongeza mdalasini na sukari ya kahawia, ulimi unadanganyika kwa urahisi. Lakini ina asidi ya sitriki nyingi zaidi, ile ya ndimu, na pai iliyopikwa vizuri inakupeleka huko. Utamu unatangulia. Uchachu unafuata, mkali na safi, unaofanya mate yakutoke chini ya ulimi. Mwishoni kabisa, ukishameza, inabaki harufu nyembamba ya jani la nyanya, ile inayobaki vidoleni ukitoka kupunguza machipukizi. Wapo wanaoizika harufu hiyo kwa siki na viungo. Mimi naitafuta. Nisipoipata najua nyanya zilikuwa changa na zikafunikwa kwa sukari, au zilikuwa zimeiva na zikaporomoka, au mpishi alikuwa akiwaza tufaha muda wote.

Kama unaweza, acha kipande kimoja kilale usiku kucha, kimefunikwa kwa kitambaa, si kwenye jokofu. Asubuhi kile na chai ya rangi isiyo na sukari. Uchachu utakuwa umetulia na harufu ya jani itakuwa imetokeza zaidi kuliko jana. Gonga ganda la chini kwa ncha ya kisu. Kwenye pai za bibi yule, hata siku ya pili, lilikuwa bado linaitika.