Mnong'ono wa Patsey

Usiku, Patsey anamwamsha mtumwa mwenzake, Solomon, na kumwomba amtoe roho. Hakuna ombi zito kuliko hilo katika filamu ya 12 Years a Slave, na Lupita Nyong'o analitamka kwa mnong'ono ambao ukumbini usingevuka safu ya pili ya viti. Kila nikiirudia kazi hii naanzia hapo. Mkenya huyu alikuwa ndiyo kwanza anamaliza Shule ya Maigizo ya Yale, mwaka 2012, na jukwaa humfunza mtu kumfikia hata aliyeketi nyuma kabisa.

Wengi hudhani kuhama jukwaani kwenda kwenye kamera ni kupunguza tu: sauti chini, mikono chini, macho yatulie. Sikubaliani nao. Sikiliza pumzi yake. Sauti imeshuka, lakini pumzi inayoibeba bado inatoka tumboni, ndiyo maana halimezwi hata neno moja. Kilichobadilika ni anayelengwa: si ukumbi tena, ni sikio la Solomon peke yake. Sisi tunadukiza.

Kisha inakuja sabuni. Patsey ametoka shamba la jirani na kipande chake, anamweleza bwana wake, Epps, kwamba anachuma ratili 500 za pamba kila siku, zaidi ya mwanamume yeyote pale, na anachotaka ni kuwa safi. Hapa sauti inapanda, ya jukwaani hasa, wala haikeri, kwa kuwa tumeshazoea kumsikia akiwa chini.

Adhabu inayofuata ndiyo iliyonishawishi zaidi. Mwongozaji Steve McQueen na mpiga picha wake, Sean Bobbitt, waliichukua kwa shoti moja ndefu ya dakika kadhaa. Kwa kawaida mhariri humwokoa mwigizaji: kilio kinatolewa katika marudio ya tatu, ukimya katika ya tano, vinaungwa. Hapa mkasi haugusi kitu. Patsey kafungwa kwenye nguzo, Epps anamlazimisha Solomon ashike mjeledi, kamera inawazunguka. Nyong'o anayapandisha maumivu kidogo kidogo, bila kuyamaliza mapema, na kamera inapomwacha kumfuata mwingine bado tunamsikia yumo ndani ya mateso. Anayecheza jukwaani hufanya hivyo kila jioni: taa ikimhama, mhusika habanduki. Naamini shoti hiyo ingemshinda mtu aliyezoea kuigiza vipande vya sekunde kumi kumi, hata awe na kipaji kikubwa kiasi gani.

Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike ilimfikia Machi 2014. Mwaka uliofuata alikuwa New York, jukwaani, katika Eclipsed ya Danai Gurira, igizo ambalo mwaka 2009, akiwa mwanafunzi Yale, alilijua akiwa mwigizaji wa akiba. Safari hii nafasi ilikuwa yake, na safu ya mwisho ya viti ilikuwa inamsubiri.