Robinson Wawili na Chombo cha Angani

Mwalimu anayetafuta vitabu vya Douglas Robinson katika orodha za maktaba hukutana na jambo la kushangaza. Jina hilo moja limeandikwa juu ya "The Translator's Turn" (1991) na "Translation and Empire" (1997), vitabu vya nadharia ya tafsiri, na tena juu ya "The Zeppelin in Combat" (1962) na "Giants in the Sky" (1973), vitabu vya historia ya vyombo vya angani. Mtu husema moyoni: kumbe mtaalamu huyu ana vipaji vingi! La, hasha. Ni watu wawili. Wa vyombo vya angani ni Douglas H. Robinson, Mmarekani aliyekuwa daktari kwa kazi yake. Wa tafsiri alizaliwa mwaka 1954, naye pia ni Mmarekani, aliyeishi Finland miaka mingi. Herufi H ndiyo inayowatenganisha, na waandikaji wa orodha huisahau.

Ningeliacha kosa hili lipite, kama lisingalinifanya nisome vitabu ambavyo nisingalivisoma pamoja. Kwa msomaji wa Bujumbura, Robinson hawa wawili wana njia panda, nayo imo katika nchi zetu.

Tuanze na daktari. Katika historia yake ya vyombo vya jeshi la majini la Ujerumani imo safari ya L 59. Mwezi Novemba 1917 jeshi la Lettow-Vorbeck lilikuwa limebanwa kusini ya ile iliyoitwa Afrika Mashariki ya Wajerumani. Urundi ilikuwa imekwishatwaliwa na Wabelgiji tangu 1916. Daktari mmoja wa makoloni, Max Zupitza, alitoa shauri kwamba jeshi hilo lipelekewe msaada kwa njia ya anga. Tarehe 21 Novemba L 59, chenye urefu wa mita 226 na nahodha wake Ludwig Bockholt, kiliondoka Jamboli katika Bulgaria kikiwa na shehena ya tani 15 hivi: risasi, bunduki, dawa na bandeji. Kilivuka Bahari ya Kati, kikapita juu ya jangwa la Misri, kikafika magharibi ya Khartoum. Hapo amri ya kurudi ikakipata kwa simu ya upepo. Kilirejea Jamboli tarehe 25 baada ya saa 95 hewani na mwendo wa kilomita 6,757, bila kutua mahali popote. Siku ile ile Lettow-Vorbeck alikuwa akivuka Ruvuma kuingia Msumbiji. Wako wanaosimulia kwamba Waingereza ndio waliotuma simu ya uongo. Ni hadithi tamu, lakini amri ilitoka kwa Wajerumani wenyewe.

Jambo la kustaajabisha zaidi ni kwamba chombo hiki hakikukusudiwa kurudi. Kilitengenezwa ili kikifika kivunjwe, kitambaa chake kiwe mahema na nguo, ngozi za ujia wake ziwe viatu, mifupa yake iwe mlingoti wa redio. Sisi wa ziwani tunalijua jambo kama hili kwa kinyume chake. Meli Graf von Götzen ilijengwa Ujerumani, ikafunguliwa vipande vipande, ikatiwa katika masanduku elfu kadhaa, ikaunganishwa tena Kigoma na kushushwa majini mwaka 1915. Baadaye ndiyo ikawa Liemba, na wazee wa bandari yetu wanaijua vizuri.

Daktari Robinson huandika kwa uangalifu. Hatii chumvi, na pepo, uzito na gesi anavieleza kama mtu aliyeshika usukani. Hata hivyo nina neno naye. Bandeji zile zilikuwa za kufunga majeraha ya nani? Askari wengi wa jeshi lile walikuwa Waafrika, na nyuma yao wapagazi kwa makumi ya maelfu, na pande zote mbili walifia njiani kwa njaa na maradhi. Amri walizipokea kwa Kiswahili. Kitabu ni cha mabaharia wa angani, najua, na hakikuahidi zaidi. Ila anayesoma akiwa huku huona kwamba chombo kiligeuka kabla ya kutufikia, na kalamu nayo ikageuka pale pale.

Hapa ndipo Robinson wa pili anapohitajika. "Translation and Empire" chasema kwamba tafsiri ilikuwa chombo cha utawala: mtawala alichagua lugha ipi ifasiriwe, na nani awe mkalimani. Mifano yake mikubwa yatoka India, Ufilipino na Marekani. Kwa hiyo mwalimu wa Kiswahili atalazimika kuijaza mwenyewe, na kwetu mifano haihitaji kutafutwa mbali. Wajerumani walikifanya Kiswahili lugha ya kazi ya serikali. Nao wamisionari wa Urundi, kwa sehemu kubwa, wakakiona ni lugha ya Uislamu na ya mjini, wakaipendelea Kirundi.

Lakini kitabu kilichonigusa zaidi ni "The Translator's Turn". Hoja yake ni kwamba mfasiri hachagui neno kwa kanuni tupu. Mwili wake hulitambua neno linalofaa, ukastarehe, na hulikataa lisilofaa kabla akili haijatoa sababu. Niliijaribu hoja hii darasani. Niliwapa wanafunzi habari fupi ya L 59 kwa Kifaransa, nikawaomba wafasiri "dirigeable". Mmoja aliandika "kiongozwacho", neno sahihi lisilo na uhai. Wengine waliandika "ndege", wakakatazwa na wenzao kwa kuwa ndege ana mabawa. Kijana wa Buyenzi, aliyekulia katika Kiswahili, alisema bila kufikiri, "chombo cha angani." Msichana wa Gitega, akiongozwa na "ubwato" wa Kirundi, aliandika "mtumbwi wa hewani." Darasa likacheka.

Nilipopima maneno yale niliona kijana amepatia zaidi ya alivyojua. Ndege huruka kwa nguvu ya mashine na mabawa. Hiki huelea kwa sababu gesi yake ni nyepesi kuliko hewa, kama chombo kinavyoelea majini. Lakini yule msichana naye alikuwa ameuona uelezi ule ule! Alikosea ukubwa tu. Mwili wake ulijua, ila ulijua kwa Kirundi.

Robinson hasemi kwamba hisia hizi ni za kuzaliwa nazo. Nyingine, asema, hupandwa na jamii, na katika "Becoming a Translator" (1997) aonyesha jinsi mazoezi yanavyozigeuza kuwa mazoea. Sehemu ya kwanza ndiyo iliyonikosesha usingizi. Katika nchi hii jina "Mswahili" lenyewe, vinywani mwa wengi, limebeba shutuma ya ujanja. Mtoto wa mlimani hulisikia hivyo kabla hajajifunza ngeli moja. Tangu Burundi ijiunge na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007 tumehimizana kuhusu vitabu na vipindi, na ni sawa. Lakini mwili unaosita mbele ya lugha hauponywi na jedwali la viambishi. Robinson aueleza ugonjwa vizuri kuliko tiba. Mazoezi yake yamewafikiria wafasiri wa kulipwa, wenye kamusi na makataa, wala si darasa la wanafunzi ambao nusu yao wanaichekea nusu nyingine.

Juma lililofuata nilimwomba yule msichana asome tafsiri yake kwa sauti. Alikuwa ameufuta "mtumbwi" na kuandika "chombo", akasoma upesi, macho chini. Nilimwuliza kwa nini amebadilisha. Akajibu, "Ili wasicheke, mwalimu." Nikamwambia aurudishe mtumbwi wake pembeni ya neno jipya, tuyajadili yote mawili.