Upepo wa Roke: Mlinzi Asiyebagua katika A Wizard of Earthsea

Katika riwaya hii ya Ursula K. Le Guin (1968), upepo wa kichawi hukilinda kisiwa cha Roke kwa kuvirudisha nyuma vyombo vinavyokuja na uovu. Ni rahisi kuuona upepo huo kuwa mlinzi mwadilifu. Usomaji huo unakwama pale unapokirudisha chombo alichopanda Ged, anayewindwa na kivuli alichokiachilia mwenyewe, kwa kiburi, alipokuwa mwanafunzi papo hapo Roke. Upepo hautofautishi uovu na anayeandamwa nao; chuo kinajikinga na madhara yaliyozaliwa ndani yake. Tasnifu hii inashikilia kwamba hatima ya riwaya inaitia nguvu hoja hiyo: Ged anakiita kivuli kwa jina lake mwenyewe baharini, mbali na Roke na ulinzi wake.