Kumbukumbu Zilizolala katika Riwaya ya Beloved

Katika Beloved (1987), Toni Morrison anamfanya Sethe, mama aliyetoroka utumwani Kentucky, amweleze bintiye Denver jambo la ajabu: tukio likishapita halibaki moyoni mwa aliyelishuhudia tu, bali hulala palepale lilipotendeka. Hata nyumba ikiteketea, sura yake husalia, na asiyewahi kufika hapo aweza kukutana nayo.

Ni rahisi kuifasiri dhana hii kuwa tamathali ya majonzi ya Sethe. Fasiri hiyo haitoshi. Majonzi ni ya mtu, naye akifa hufa nayo. Kumbukumbu anayoisawiri Morrison haimhitaji mkumbukaji. Denver alizaliwa mamaye akiwa njiani kukimbia. Hakuuona utumwa, walakini anaonywa kuwa ungali unamngojea.

Al-Inkishafi inasaidia kuubainisha upekee huo. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir naye anayasawiri magofu ya Pate, ambamo wakwasi waliishi kwa fahari na baadaye popo na bundi wakarithi. Lakini magofu hayo hayamwendei mtu. Sharti moyo uhimizwe kuyatazama na kuzingatia. Katika utenzi, kukumbuka ni wajibu wa aliye hai. Katika riwaya, yaliyopita humjia hata asiyeyaita.

Tofauti hiyo yatokana na maudhui yenyewe. Fahari iliyotoweka huacha funzo, na funzo huweza kupuuzwa. Dhuluma huacha deni, nalo huwafuata hata waliozaliwa baadaye.