Maua ya kurudisha wakati nyuma, na watu wa barabarani

Leo nataka tuongee juu ya hadithi moja fupi ya J.G. Ballard, Mwingereza, yenye ilitoka mwaka 1962. Jina lake "The Garden of Time", ni kusema Bustani ya Wakati. Nusu saa inatosha kuisoma. Mimi nimeisoma mara tatu, na kila mara tunagombana.

Hadithi ni hii. Bwana mmoja wa ukoo mkubwa, Count Axel, anaishi na bibi yake katika nyumba nzuri sana: vitabu, sanamu, kinanda, ziwa dogo, bustani. Katika bustani kuna maua yenye kung'aa kama kioo. Kila magharibi, kundi kubwa la watu linatokea kwa mbali juu ya kilima, linakaribia nyumba. Axel anachuma ua moja. Ua linayeyuka mkononi, wakati unarudi nyuma, na lile kundi linajikuta tena mbali, nyuma ya kilima. Ua lenye limekomaa linampa muda mrefu, ua changa linampa dakika chache. Na yenye yamebaki yanahesabika.

Kwa upande wa ufundi, Ballard anastahili sifa. Waandishi wengi wa mambo ya uchawi, wakibanwa, wanaongeza nguvu mpya yenye haikuwa mwanzoni. Yeye anaweka sheria mbili tatu na anaziheshimu mpaka mwisho. Haongezi hata ua moja. Kwa hiyo msomaji anahesabu pamoja na Axel, na hesabu yenyewe ndiyo inatia woga.

Ugomvi wangu uko juu ya lile kundi. Ballard anatuonyesha watu wenye kubeba mizigo mizito iliyofungwa shingoni, na wengine wanasukuma mikokoteni ya mbao, wanalazimisha magurudumu kwa mikono. Hakuna mwenye jina. Hakuna mwenye kusema neno. Kwa macho ya Axel ni jeshi la watu ovyo tu. Sasa, mutu wa Goma akisoma habari ya mukokoteni wa mbao, anaona nini? Chukudu!

Munakumbuka tarehe 27 mwezi wa tano 2021, siku tano kisha Nyiragongo kulipuka, tulipoambiwa tuhame haraka. Nilitembea na mama yangu kuelekea Sake, matela kwa kichwa, bidoni ya maji mkononi. Barabara ilijaa, huoni mwanzo, huoni mwisho. Kama kulikuwa bwana mmoja amesimama kwa baraza yake kule juu, angesema: jeshi linakuja. Na sisi tulikuwa tunatafuta tu fasi ya kulala.

Ndiyo maana ninauliza swali lenye hadithi haiulizi. Axel akichuma ua, ile siku ya kutembea inaenda wapi? Mama mwenye alikuwa amefika katikati ya bonde anarudishwa nyuma ya kilima na muzigo wake, aanze tena. Magoti yake yanakumbuka? Uchawi unaonekana mpole: mutu anachuma ua, kisha anarudi kwa bibi yake kusikiliza muziki. Lakini wenye kuulipia ni wengine, kwa miguu yao. Mwandishi mwenye alipima kila ua kwa makini namna ile hakupima hata hatua moja ya upande wa pili. Hilo ni pengo ndani ya sheria zake mwenyewe.

Lakini mwisho unanifanya nipunguze sauti. Bibi anaomba ua la mwisho alichume yeye. Kisha watu wanafika, na wanakuta magofu. Ziwa limekauka, nyumba ilianguka zamani, na ndani ya miiba kumesimama sanamu mbili, mwanaume na mwanamke, mwanamke ameshika ua. Wengi wanazunguka miiba, wanapita. Mara ya tatu ndipo nilielewa: labda maua yalikuwa yanamzuia Axel asione kama nyumba yake ilisha kuanguka.

Ballard aliyajua haya kwa mwili wake. Alizaliwa Shanghai mwaka 1930, katika familia ya Kiingereza yenye mali. Kuanzia 1943 mpaka 1945 Wajapani walimfunga pamoja na wazazi wake katika kambi ya Lunghua. Mtoto wa bustani akawa mtoto wa kambi.

Mwezi wa tano 2024, Met Gala kule New York ilichukua jina la hadithi hii kuwa mada ya mavazi, na watu maarufu wakaja wamevaa maua. Wengi walicheka. Mimi sikucheka sana, sababu na sisi wenye tulisoma tuko na maua yetu. Kila tukikutana, mumoja anasema "wakati wetu inivesite ilikuwa inivesite", na kwa dakika chache ukuta unakuwa mupya. Inje, wadogo zetu wanatembea.

Kwa hiyo, muisome. Kisha muisome tena, lakini ile mara ya pili musimame barabarani, musisimame kwa baraza. Na mutuambie muliona nini.