Muziki katika Filamu ya Pather Panchali

Filamu ya Kibengali iitwayo Pather Panchali, iliyotolewa mwaka 1955, husifiwa aghalabu kwa picha zake. Muziki wake hutajwa zaidi kwa upesi wa kutungwa kwake. Satyajit Ray, aliyekuwa akifanya kazi katika kampuni ya matangazo mjini Calcutta, aliianza mwaka 1952 bila fedha za kutosha, akaweka rehani vito vya mkewe, hata serikali ya West Bengal ikamsaidia kuimaliza. Ravi Shankar, aliyepewa kazi ya muziki, hakuwa ameiona filamu nzima, na sehemu kubwa ya muziki huo ilirekodiwa katika usiku mmoja. Kwa habari hizo ni rahisi kudhani kwamba haraka na umaskini ndivyo vilivyozaa uzuri. Rai hiyo haina budi kupimwa.

Kwanza, haraka imeacha alama yake. Wimbo mkuu wa filimbi ya mwanzi, ambao mwanzoni wafaa sana kwa michezo ya watoto kijijini, warejea mara nyingi, na kila urejeapo bila maana mpya nguvu yake yapungua. Hapo yaonekana kazi ya mtu aliyelazimika kukata vipande kutoka katika akiba ndogo.

Pili, mahali ambapo muziki umefaulu kupita pote hapatokani na haraka, bali na uamuzi. Harihar, baba wa nyumba, arudi kutoka safari ndefu, naye hajui kwamba binti yake Durga amekwisha kufa. Atoa zawadi, miongoni mwake sari ya binti huyo. Mama aishika, kisha aangua kilio; lakini sauti yake haisikiki. Badala yake yasikika tarshehnai, ala ya nyuzi ipigwayo kwa upinde, yenye pembe ya kukuza sauti, ambayo mlio wake wakaribia ule wa nzumari. Ala hiyo haikipambi kilio. Imeshika nafasi yake. Lau sauti zote mbili zingalisikika pamoja, muziki ungalikuwa nakshi tu.

Shankar alitunga pia muziki wa Aparajito (1956) na Apur Sansar (1959). Tangu Teen Kanya (1961), Ray alitunga mwenyewe muziki wa filamu zake. Si lazima kila mtengenezaji wa filamu afuate njia hiyo, kwani wengi hawana elimu ya muziki aliyokuwa nayo. Lililo lazima ni kwamba mtunzi aonyeshwe filamu nzima, naye mwenye filamu awe tayari kuondoa maneno pale muziki unapoweza kusema. Uchache wa fedha hupunguza wapigaji na saa za kurekodi. Wajibu huo hauupunguzi.