Leso Yenye Ukingo Mweusi

Mtaa wa Aggrey, Kariakoo, palipouzwa kanda na DVD sasa zinauzwa kava za simu. Amebaki kijana mmoja barazani na kompyuta yake kuukuu, anawaingizia watu muvi kwenye flashi. Juzi nikamwona Charlie Chaplin kwenye kioo chake: nusu dakika ya wahudumu wa mgahawa wakimchangia mateke mteja aliyepungukiwa senti kumi, na singeli imebandikwa juu. Watu wakacheka, wakapita.

Niliitambua. Ni *The Immigrant* ya mwaka 1917, filamu fupi isiyo na sauti. Melini Chaplin anampenda binti anayesafiri na mama yake. Wameibiwa fedha, anamtumbukizia binti za kwake mfukoni. Baadaye wanakutana mjini, katika mgahawa huohuo wa mateke. Furaha imemjaa, anamshika binti mkono, na mkononi mna leso yenye ukingo mweusi. Anaitazama. Uso uliokuwa ukicheka unatulia taratibu. Mama hayupo tena, na hakuna aliyelitamka hilo. Pumzi moja tu, kisha bili inaletwa, mhudumu mwenye mwili wa jabali anasubiri, nasi tunacheka tena, ila sasa tunamwombea Chaplin. Sijaona mapenzi yakichekeshwa kwa adabu kiasi hicho.

Nyumbani tuliijua lugha hiyo ya kusema bila kutamka. Bibi yangu akikasirika alichagua kanga, akapita uani mara mbili kinywa kimefungwa, na babu akajua pa kuanzia kuomba radhi. Alipofanikiwa kumchekesha, bibi alisema, "Chale huyu!" Wazee walimpenda Chaplin hata jina lake likawa neno letu la mchekeshaji. Mwigizaji wetu King Majuto, aliyetutoka Agosti 2018, naye alikuwa na kipaji hicho: macho yake yalifika kabla ya maneno. Siku hizi wapenzi wa kwenye video za simu wanapiga kelele kutoka mwanzo hadi mwisho, kila hisia inatangazwa, mtazamaji haachiwi hata kitu kimoja akigundue mwenyewe. Inaniuma.

Nikamwomba kijana filamu nzima.

"Shikamoo mzee. Nzima sina. Wateja wanataka pale wanapopigana tu."

"Marahaba, mwanangu. Unajua kwamba mwishoni anambeba mchumba mvuani, wanaingia ofisi ya ndoa?"

Akaniangalia kwa mshangao wa kweli.

"Kumbe ni ya mapenzi?"

Akaniwekea kile kipande, bure. Nimekitazama mara tatu. Leso haimo.